Anayechimba ngoro ni mama, shamba ni la nani?

Ukipita Mbinga mwezi wa Machi, mvua za masika zikiwa zinaelekea ukingoni, tazama miteremko ya milima ya Umatengo. Utaona akina mama wameinama na majembe, mmoja hapa, wengine watatu kule, wakichimba mashimo yaliyopangika mistari kwa mistari kutoka bondeni hadi juu. Ukiwa mbali barabarani, mlima unaonekana kama sega la nyuki. Hizo ndizo ngoro, na zimeulisha mkoa wetu wa Ruvuma kwa vizazi vingi.

Sasa jiulize swali moja, msikilizaji wetu. Mama huyu ameolewa hapo kwa miaka 20 au 30. Kila Machi amechimba, amepanda, amepalilia na amevuna. Siku mume wake akifariki, shamba lile litakuwa la nani?

Swali hili linagusa nyumba nyingi, na linahusu mila pamoja na sheria. Katika makala hii tunaeleza maisha ya wanawake wa pande mbili jirani: Wamatengo wa milima ya Mbinga, na akina mama wa mwambao wa Ziwa Nyasa, kuanzia Lituhi, Liuli na Mbamba Bay hadi vijiji vya mpakani na Msumbiji. Tutaangalia kazi zao, ngoma zao na nafasi yao katika ukoo. Mwisho tutaeleza sheria inasema nini kuhusu ardhi, na nini unaweza kufanya ukiwa kijijini kwako.

Milima na ziwa

Wilaya ya Nyasa ilikuwa sehemu ya Mbinga hadi ilipogawanywa mwanzoni mwa miaka ya 2010. Lakini hata baada ya kugawanywa, milima na ziwa vimebaki kutegemeana.

Kule juu kuna baridi na ukungu. Watu hulima mahindi, maharage, ngano kidogo na kahawa. Kule chini, ziwani, kuna joto. Watu huvua samaki na kulima muhogo na mpunga. Wa juu wana maharage lakini hawana samaki. Wa chini wana samaki lakini mahindi yao hayatoshi. Kwa hiyo tangu zamani akina mama wa mwambao walipanda milima na mizigo ya samaki wakavu kichwani, wakarudi na nafaka. Siku hizi ipo barabara ya lami ya kilomita takriban 66 kutoka Mbinga hadi Mbamba Bay, na safari iliyokuwa ya siku nzima sasa ni ya saa chache. Mzigo ni uleule wa usipa, ila sasa uko kwenye basi au kwenye Noah.

Historia nayo iliwasukuma watu mahali walipo. Katikati ya karne ya 19 Wangoni walifika kutoka kusini mwa Afrika na kuitawala nchi ya Songea. Wamatengo wengi walikimbilia milimani, pande za Litembo, ambako kulikuwa na mapango na mahali pa kujificha. Watu wakawa wengi, ardhi ikawa ndogo tena ya mteremko. Mahali kama hapo ukilima ovyo, mvua ya mwaka mmoja inabeba udongo wote hadi mtoni. Ilibidi wawe na kilimo kinachoshika udongo, na ngoro ndiyo iliyowafaa.

Ngoro inavyotengenezwa

Kwa wasikilizaji wa mikoa mingine ambao hawajawahi kuiona, kazi yenyewe huenda hivi.

Kwanza, shamba likiwa limepumzika na majani yamekuwa marefu, wanaume hufyeka. Hii hufanyika kuelekea mwisho wa mvua, mwezi wa Februari au Machi. Majani huachwa yakauke kidogo, kisha hupangwa juu ya ardhi katika mistari inayokatana, mingine ikienda na mteremko na mingine ikiukata. Hapo shamba zima huwa na miraba, kila mraba ukiwa na upana wa mita moja na nusu au mbili hivi.

Baada ya hapo kazi inahamia kwa wanawake. Mama husimama kwenye mraba, huchimba udongo wa katikati na kuufukia juu ya yale majani pande zote nne. Humwaga mbegu za maharage juu ya tuta hilo, kisha huzifunika kwa udongo mwembamba anaochota tena katikati. Mwishowe katikati hubaki shimo, na kuzunguka shimo kuna matuta manne yenye maharage juu na majani ndani. Akimaliza mraba mmoja, anahamia wa pili. Shamba la ekari moja linaweza kuwa na mashimo elfu moja au zaidi, na kila shimo limechimbwa kwa jembe la mkono.

Faida yake ni hizi. Mvua ikinyesha, maji hayateremki mbio bali huingia shimoni na kunywewa na ardhi taratibu. Udongo unaochukuliwa na maji huishia shimoni badala ya kwenda mtoni. Majani yaliyofukiwa huoza na kuwa mbolea. Na maharage yaliyopandwa mwisho wa mvua hupata unyevu uliohifadhiwa ardhini, hata anga ikishakauka.

Maharage huvunwa kiangazi kinapoanza. Mvua mpya zinapokuja, Novemba au Desemba, mahindi hupandwa juu ya matuta yaleyale. Palizi inapofanyika, magugu hutupwa shimoni nayo yaoze. Mahindi yakishavunwa, shamba huachwa lipumzike hadi Machi ya mwaka unaofuata, kisha ngoro mpya huchimbwa. Mzunguko mzima ni miaka miwili, na ndiyo maana familia huhitaji angalau mashamba mawili ili kila mwaka ipate maharage na mahindi.

Maofisa wa Kiingereza waliandika habari za ngoro tangu miaka ya 1930. Kuanzia miaka ya 1990 watafiti wa Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, Morogoro, pamoja na wenzao kutoka Japani, waliishi na wanavijiji wa Mbinga na kuichunguza kwa makini. Walioneshwa na wakulima wenyewe jinsi miteremko mikali inavyoweza kulimwa miaka nenda rudi bila kubomoka. Utaalamu huo hakuna aliyeufundisha darasani. Binti aliupata kwa kumfuata mama yake shambani, akaenda nao kwa mume, akamfundisha binti yake.

Ngokela na sengu

Kazi ya ngoro ni nzito kwa mtu mmoja, kwa hiyo Wamatengo wana desturi ya kusaidiana iitwayo ngokela. Leo tunalima kwako, kesho kwangu. Mwenye shamba huandaa chakula, na mara nyingi pombe ya kienyeji, na majirani huja na majembe yao. Anayeandaa pombe ni mama. Kwa siku kadhaa kabla ya kazi amekuwa akiotesha nafaka, akisaga, akichemsha na kutafuta kuni. Kwa hiyo kwenye ngokela mama hufanya kazi mbili: ya jikoni na ya shambani.

Desturi nyingine ni sengu. Zamani wanaume wa familia moja kubwa, yaani babu, wanawe na wajukuu, walikula pamoja mahali pamoja. Kila mke alipika nyumbani kwake akapeleka chakula pale. Baada ya kula, wazee walizungumza mambo ya ukoo: ugomvi, ndoa, adabu ya vijana, na nani alime wapi. Sengu ilikuwa na faida zake. Mjane na yatima hawakulala njaa, kwa sababu chakula kilikuwa cha wote. Mume mkorofi alisemwa mbele ya baba yake na ndugu zake.

Lakini tuseme ukweli wote. Waliokuwa wamekaa wakiamua habari za ardhi walikuwa wanaume, na waliokuwa wamepika chakula cha kikao walikuwa wanawake. Ardhi ya Wamatengo hufuata upande wa baba. Ukoo ulishika ntambo, yaani sehemu ya mlima iliyo kati ya kijito na kijito, na baba aliwagawia wanawe wa kiume. Binti alitarajiwa kuolewa na kulima kwa mume. Mke alilima kwa sababu ya ndoa. Ndoa ikivunjika au mume akifariki, haki yake ya kulima ilitegemea wakwe zake wana moyo gani.

Siku hizi sengu ya kula pamoja imebaki katika familia chache. Kila nyumba hula kwake. Ule ulinzi wa mjane kulishwa na ukoo umepungua sana, lakini desturi ya ardhi kufuata wanaume imebaki palepale. Hapo ndipo shida nyingi za leo zinapoanzia.

Kahawa na daftari la ushirika

Kahawa aina ya arabika iliingia Umatengo katika miaka ya 1920, na ushirika wa Wangoni na Wamatengo ulianzishwa katika miaka ya 1930. Kahawa ilileta fedha: nyumba za matofali, mabati, ada za shule. Watoto wengi wa Mbinga waliosoma wamesomeshwa na kahawa.

Kahawa ilileta pia mgawanyo mpya. Mahindi na maharage yakawa "mazao ya mama", kahawa ikawa "zao la baba". Mibuni hupandwa mara moja na kudumu miaka mingi, na aliyepanda mibuni ameweka alama ya umiliki wa shamba. Wanaochuma kahawa mbivu, kuibeba, kuimenya, kuiosha na kuianika ni mama na watoto kwa sehemu kubwa. Lakini jina lililoandikwa kwenye daftari la chama cha msingi mara nyingi ni la baba, na malipo huingia kwenye akaunti yake.

Biashara ilipofunguliwa kwa wanunuzi binafsi katika miaka ya 1990, vyama vikubwa vya ushirika viliyumba na pembejeo zikawa ghali. Familia nyingi zilikwama. Wakati huo ndipo ilipoonekana wazi kwamba maharage ya ngoro, nguruwe wa nyuma ya nyumba na pombe ya kuuza ndivyo vilivyolipa ada na dawa. Zao la mama lilibeba nyumba.

Mzigo mwingine wa mama wa milimani ni kusaga. Katika kijiji cha Kindimba, mradi wa Chuo cha Sokoine na Wajapani uliwasaidia wanakijiji kujenga mashine ya kusaga inayoendeshwa kwa nguvu ya maji ya mto. Kwa mama aliyezoea kubeba debe la mahindi akapanda na kushuka milima kutafuta mashine, kusogezewa huduma hiyo kulimwondolea saa nyingi za safari.

Mama wa mwambao

Tushuke sasa ziwani. Ziwa Nyasa ni la tatu kwa ukubwa barani Afrika, na lina kina cha takriban mita 700. Riziki ya mwambao ni samaki: mbasa, mbufu, kambale, na zaidi ya wote usipa, samaki mdogo mwenye urefu wa kidole.

Usipa huvuliwa usiku kwa taa. Usiku wa giza, ukisimama ufukweni, utaziona taa za mitumbwi zimetapakaa ziwani kama mji. Mbalamwezi ikiwa kali, usipa haukusanyiki vizuri kwenye mwanga wa taa, na uvuvi hupungua. Kwa hiyo mama wa Nyasa huhesabu siku za mwezi kwa umakini kama mama wa Mbinga anavyohesabu mvua.

Kwenda ziwani ni kazi ya wanaume. Mtumbwi ukigusa mchanga alfajiri, kazi ya wanawake inaanza. Wanasubiri na ndoo na beseni. Wananunua papo hapo, wengine kwa fedha taslimu, wengine kwa mkopo wa kulipa wakishauza. Kisha wanaosha na kuanika. Jua likiwa kali, usipa hukauka kwa siku moja au mbili. Mvua ikinyesha ghafla, mzigo huoza na mtaji huoza nao. Wanaoanika juu ya vichanja badala ya mchangani hupata usipa safi usio na michanga, na hupata bei nzuri zaidi. Samaki wakubwa hubanikwa juu ya moto ili wakae muda mrefu.

Usipa mkavu hupimwa kwa ndoo, sado au debe, husafirishwa hadi Mbinga, Songea na Njombe. Mchuuzi wa usipa hushika fedha mkononi mwake kila wiki, jambo ambalo mama wa kahawa hulipata mara moja kwa mwaka, tena kama ataoneshwa. Ndiyo maana mwambaoni utakuta akina mama wanaojenga nyumba zao na kusomesha watoto kwa jasho lao. Lakini mtumbwi, nyavu na injini kwa kawaida ni mali ya wanaume, na asiye na chombo hupangiwa bei na mwenye chombo.

Pamoja na samaki kuna muhogo. Mama huuchimba, huumenya, huuloweka majini kwa siku kadhaa, huuanika, huutwanga na kuuchekecha. Kuloweka na kukausha ndiko kunakoondoa sumu ya muhogo mchungu. Kuharakisha hatua hizo ni hatari kwa watoto, na mama zetu walilijua hilo kabla ya wataalamu wa lishe. Ugali wa muhogo na usipa wa nyanya, msikilizaji, ni chakula kinachomfanya Mnyasa aliye Dar es Salaam akumbuke kwao.

Kioda, ngoma ya akina mama

Huwezi kueleza wanawake wa Nyasa ukaacha ngoma. Wanaume wana mganda, ngoma iliyozaliwa baada ya watu kuona gwaride za askari wakati wa Vita ya Kwanza ya Dunia, na huchezwa kwa mistari, sare na hatua za kijeshi. Wanawake wana kioda. Nayo huchezwa kwa mistari, wachezaji wakivaa sare na kwenda kwa hatua moja, ngoma ikipigwa na nyimbo zikiimbwa. Ng'ambo ya ziwa, Malawi, ngoma hii hujulikana pia, kwa sababu ziwa limewaunganisha watu hawa tangu kabla ya mipaka.

Kikundi cha kioda si cha kucheza tu. Kina viongozi wake, michango yake na nidhamu yake. Mwenzao akifiwa wanakwenda pamoja, akijifungua wanamsaidia. Kwenye nyimbo husemwa mambo ambayo kikaoni mama hawezi kuyasema: mume mlevi, mawifi wenye maneno, kiongozi anayekula michango. Akina mama waliozoea kuchanga fedha na kutunza daftari la kioda hawakupata shida vikundi vya VICOBA vilipokuja.

Kaskazini zaidi, upande wa Matema wilayani Kyela, wanawake wa Kikisi hufinyanga vyungu vinavyojulikana ziwa zima. Vyungu hivyo husafirishwa kwa mitumbwi na kuuzwa katika soko la Lyulilo. Vyungu hivyo ni kazi ya wanawake tangu zamani, na fedha yake huingia mikononi mwao.

Mwanamke na uongozi: Nkomanile

Kuna wanaosema kwamba mwanamke kuamua mambo ya ardhi na uongozi ni jambo geni. Historia ya mkoa wetu inakataa. Katika nchi ya Wangoni kulikuwa na Nkomanile, mwanamke aliyekuwa kiongozi chini ya utawala wa kichifu. Yeye ni miongoni mwa waliopokea habari za maji ya Kinjikitile na kuzieneza Ungoni wakati wa Vita ya Majimaji, 1905 hadi 1907. Wajerumani walimnyonga Songea mwaka 1906 pamoja na viongozi wanaume. Kila Februari mashujaa hao hukumbukwa katika Makumbusho ya Majimaji mjini Songea, na jina lake limo. Mzee akikuambia mwanamke hawezi kukaa kwenye kikao cha ukoo, mkumbushe Nkomanile kwa heshima.

Sheria inasemaje kuhusu shamba?

Sasa turudi kwenye swali letu la mwanzo.

Sheria ya Ardhi Na. 4 na Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5, zote za mwaka 1999, zinasema mwanamke ana haki ya kupata, kumiliki, kutumia na kuuza ardhi sawa na mwanamume, kwa masharti yaleyale. Sheria ya Vijiji, kifungu cha 20, inaongeza kwamba mila inayomnyima mwanamke, mtoto au mtu mwenye ulemavu haki ya kumiliki au kutumia ardhi kihalali ni batili. Yaani mila zinaheshimiwa, lakini ile inayomnyang'anya mtu haki kwa sababu ni mwanamke haina nguvu.

Sheria hiyo inataka pia Baraza la Ardhi la Kijiji liwe na wajumbe saba, na watatu kati yao wawe wanawake. Kama baraza la kijiji chenu halina wanawake hao, mna haki ya kuuliza kwenye mkutano mkuu wa kijiji.

Kuhusu mke aliye hai na mume wake, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inakataza mwenzi mmoja kuuza au kuweka rehani nyumba ya familia bila ridhaa ya mwenzake. Na mwaka 1983 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Bi Hawa Mohamed, ilisema kazi za nyumbani za mke ni mchango katika mali iliyopatikana ndani ya ndoa. Kama kupika na kulea kunahesabiwa, kuchimba ngoro miaka 20 hakuwezi kuitwa si kitu.

Ugumu mkubwa uko kwenye mirathi. Tamko la Sheria za Kimila la mwaka 1963, linalohusu makabila yanayofuata upande wa baba, linasema mjane hapati fungu kama marehemu ameacha ndugu wa ukoo wake. Atatunzwa na watoto wake. Binti naye amewekwa nyuma ya kaka zake, na ardhi ya ukoo anaweza kuitumia tu. Mwaka 1990 Mahakama Kuu Mwanza, katika kesi ya Holaria Pastory kutoka Kagera, iliamua kwamba mwanamke ana haki ya kuuza ardhi aliyorithi kama mwanamume, kwa sababu Katiba inakataza ubaguzi. Mwaka 2015 Kamati ya Umoja wa Mataifa inayoshughulikia haki za wanawake ilisema kanuni hizo za mirathi zinavunja haki za wajane, baada ya wajane wawili wa Tanzania kupeleka malalamiko yao.

Kwa hiyo mjane asiambiwe kwamba jambo lake limekwisha kwa sababu "mila imesema". Lakini pia asikae akidhani sheria itamjia yenyewe mlangoni. Inabidi ajipange, na heri ajipange mume akiwa hai.

Mambo ya kufanya

Kwanza, andikeni majina yote mawili. Kama kijiji chenu kimeshapimwa na kinatoa hatimiliki za kimila, hati inaweza kuwa na jina la mume na la mke. Baba mwenye kupenda familia yake asione haya kufanya hivyo. Anawalinda watoto wake pia.

Pili, kama kijiji hakijaanza kutoa hati, weka kumbukumbu. Shamba mlilonunua pamoja liwe na maandishi ya mauziano yenye majina yenu wote, mashahidi, na muhuri wa ofisi ya kijiji. Nakala moja itunzwe mahali mama anapopajua.

Tatu, kwenye chama cha msingi cha kahawa, mama naye anaweza kujiunga kama mwanachama mwenye daftari lake, kwa mibuni iliyo yake au waliyokubaliana.

Nne, tunza cheti cha ndoa. Kama hamkufunga ndoa rasmi, ujue kwamba Sheria ya Ndoa inawachukulia mwanamume na mwanamke walioishi pamoja miaka miwili au zaidi, wakaheshimika kama mke na mume, kuwa ni wanandoa hadi ithibitishwe vingine. Majirani na viongozi wa dini wanaweza kuwa mashahidi.

Tano, msiba ukitokea, usikubali kufukuzwa kabla ya mirathi kufunguliwa. Pata cheti cha kifo, hudhuria kikao cha ukoo na hakikisha muhtasari umeandikwa, kisha mirathi ifunguliwe Mahakama ya Mwanzo. Na jambo hili lishike: msimamizi wa mirathi si mrithi. Kazi yake ni kukusanya mali, kulipa madeni na kugawa kwa wanaostahili. Akijimilikisha, mahakama inaweza kumwondoa.

Sita, ugomvi wa mpaka au shamba upelekwe kwanza kwenye Baraza la Ardhi la Kijiji, ambalo kazi yake ni kusuluhisha. Ukikwama, muulize ofisa maendeleo ya jamii wa kata au halmashauri akuelekeze kwa watoa msaada wa kisheria. Tangu mwaka 2017 ipo sheria inayotambua msaada huo kwa wasio na uwezo, na hutolewa bure.

Kwa akina mama wanaotafuta mtaji wa vichanja vya usipa au wa kununulia mtumbwi wa kikundi, halmashauri zinatakiwa kutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa mikopo isiyo na riba, na asilimia 4 kati ya hizo ni ya vikundi vya wanawake. Ulizeni ofisi ya kata utaratibu ukoje sasa.

Mila ya kubaki nayo

Hatusemi mila zitupwe. Ngokela ni mila, na ni nzuri. Ngoro ni mila, na bila hiyo milima ya Umatengo ingekuwa vilima vya mawe. Sengu ilipohakikisha hakuna mjane anayelala njaa, ilikuwa mila ya utu. Wazee waliotuachia mambo haya walikuwa wanatafuta njia ya kila mtu kuishi mahali ambapo ardhi ni ndogo. Mjane anayefukuzwa kwenye shamba alilolichimba ujana wake wote, huku ukoo hauna tena chungu cha pamoja cha kumlisha, hajatendewa kwa mila hiyo.

Machi ijayo ukiwaona akina mama mlimani na majembe yao, wasalimie, wape pole na kazi. Na kama wewe ni baba, ukirudi nyumbani jioni, fungua lile sanduku la karatasi ukaangalie ni jina la nani limeandikwa.